Ngozi Namba Saba

Ukishamvisha mtu kichwa cha zimwi, usimwache aondoke hivi hivi. Mgonge paji mara mbili, kwa kidole au kwa futi ya mbao, halafu ngoja. Akikuamkia, mwache aende vitani. Asipokuamkia, mvue, hata kama dairekta amekukunjia uso.

Nyinyi mnaokuja hapa barazani kwangu, Mtaa wa Sikukuu, na simu zenu mkononi, mkitaka kujua mavazi ya filamu yanashonwaje, hilo ndilo la kwanza. Na ndilo mnalolipita. Mnaniuliza gundi gani, sponji ya unene gani, rangi nilipaka na nini. Nitawaambia na hayo. Ila nawaona mnavyotikisa vichwa haraka haraka, na mtu anayekubali haraka mimi huwa simwamini.

Shule niliishia darasa la nne. Nilichojua nilikijulia vidoleni. Nimeshona sare za wanafunzi, magauni ya harusi, viti vya magari, na ile miaka ya mwisho kabla macho hayajagoma nilishona jeshi. Jeshi la Bwana Kiza. Mazimwi ishirini waliokuwa wakiuawa kila wiki kwenye televisheni na kufufuka wiki inayofuata, kwa sababu ngozi zilikuwa hizo hizo ishirini na mshonaji ndiye huyu mmoja.

Kushona kitu kigumu alinifundisha Fundi Maulidi, Mungu amrehemu, aliyekuwa na karakana ya viti vya magari kule Ilala. Mwembamba, mkali, haamini kitu mpaka akiguse. Ukimletea ile ngozi ya bandia ya makochi, ataivuta, ataigeuza, atainusa. Uzi anauchoma kwa kiberiti kisha anatazama kilichobaki. Uzi wa nailoni unajikunja unakuwa kidonge kigumu, wa pamba unaacha jivu. Muuzaji anaweza kuapa kwa mama yake kwamba ni pamba. Kama Fundi hajauchoma, kwake ile bado ilikuwa hadithi.

Na kila nilipoweka kitu kwenye cherehani aliniuliza swali moja, "Utafumulia wapi?"

Nilikuwa nakasirika. Sijashona hata inchi moja, mtu ananiuliza habari za kufumua. Nilidhani ananitakia mabaya, mwanamke peke yangu katikati ya wanaume wa karakana. Nikashona kiti cha lori, mshono wa kurudia mara mbili pande zote, ncha za uzi nimezificha, kimekaa kama kimezaliwa hivyo. Mwenye lori alikuwa bwana mnene, mpole. Akakaa mara moja. Akasimama polepole, akatoka nje, akarudi, akaniambia kwa adabu zote, "Mama, kiti chako kinang'ata."

Sindano ilikuwa ndani. Fundi Maulidi hakunigombeza. Alinipa mkasi tu, akaniuliza tena, wapi. Hapakuwapo. Nilikuwa nimefunga kila mahali. Ikabidi nipasue kitambaa katikati, kazi ya siku mbili nzima, na mwenye lori amesimama anatazama huku amejishika nyuma.

Tangu hapo sindano zangu ni kumi na mbili, nazihesabu asubuhi na jioni. Na kila ninachoshona kina sehemu moja ambayo mimi najua ndipo kitakapofunguka kwa mkasi bila ubishi. Simwonyeshi mtu. Hata mteja simwonyeshi. Lile la kutomwonyesha mtu ni nyongeza yangu mwenyewe, Fundi hakunifundisha, na mtaona lilinifikisha wapi.

Yule dairekta alikuwa kijana wa Upanga, miwani, kofia ameigeuza nyuma mbele, hodari wa kuongea. Alikuja na picha kwenye simu. Nikaziangalia. Watu wenye meno ya nguruwe pori, mabega kama magunia ya mkaa, ngozi ya kijivu, macho madogo. Akasema hao ndio askari wa miguu wa Bwana Kiza, mfalme wa giza anayetaka kuitawala dunia, na anahitaji ishirini. Kwenye kamera wataonekana elfu kumi.

"Wanakula nini?" nikamuuliza.

"Bibi, hawa ni mazimwi."

"Zimwi hali?"

"Anakula. Anakula chochote."

"Nani anawapikia?"

Akacheka, akidhani namtania. Nikamuuliza kama wana mama zao. Akasema hawana, Bwana Kiza aliwafinyanga kwa tope. Nikamwonyesha picha, mbona wamefunga mikanda vizuri, nani aliwafundisha? Sikuwa natania. Mtu anayefunga mkanda ana kiuno, mwenye kiuno ana tumbo, na tumbo linapanda na kushuka. Mshonaji lazima ajue linapanda kiasi gani. Na kingine hakikuniingia akilini, jeshi zima lisilo na mama wala mji wala shamba linamtii mtu mmoja kwa sababu gani. Akasema wanamwogopa. Nikamwambia hilo nimelielewa, nimefanya kazi na mabosi wa hivyo.

Halafu akasema neno ambalo nililiweka moyoni. Alisema, "Nataka wafanane wote, Bibi. Asijulikane nani ni nani. Hapo ndipo panapotisha."

Mimi kitu kisichojulikana nani ni nani sikipendi. Lakini kazi niliichukua.

Haya, andikeni, maana ndilo mlilolifuata. Sponji chukueni makapi ya magodoro ya zamani, siyo sponji mpya. Makapi yameshalaliwa, yamenyooka, hayakudanganyi. Gundi ya Kariakoo msiinunue kwa kuangalia kopo. Kopo linaweza kuwa la kweli na kilichomo kimeongezewa. Chovya kijiti, kiinue: gundi nzuri inavuta uzi mrefu, iliyochezewa inadondoka kama uji. Paka nyembamba pande zote mbili, ngoja mpaka kidole kikigusa hakinati, ndipo ubandike. Ukibandika mbichi, zimwi lako litavuka daraja limebaki na mguu mmoja. Lilinitokea. Mguu ulibaki nyuma, wenzake wakaukanyaga, na dairekta akasema tuache tu, inaonekana vita kweli.

Ndani wekeni kanga kuukuu. Mpya haifai, ina dawa ya dukani, inalisukuma jasho. Kanga iliyofuliwa miaka inalinywa. Nilizunguka kwa mashoga zangu wa mtaani nikikusanya vipande, na sikuwaambia vya nini kwa sababu wangeniuliza maswali. Kwa hiyo kila askari wa giza alitembea na maneno ya mwanamke fulani wa Kariakoo yamemlalia kifuani, na hakuna hata mmoja aliyeyasoma.

Tuligombana kwenye mdomo. Mimi nilitaka midomo iwe wazi, meno huku, wavu mweusi nyuma yake, mtu apumue. Dairekta akasema kamera itaona wavu. Akataka midomo iliyofungwa, yenye chuki, na matundu mawili ya pua yasiyozidi punje ya choroko. Nikabisha siku mbili. Siku ya tatu nikakubali. Sina wa kumlaumu, mkono ulioshona ile midomo ni huu. Ila nikatoa sharti langu: kichwa hakivaliwi mpaka nikivishe mimi, na hakuna anayeondoka mbele yangu kabla sijamgonga paji na yeye hajaniamkia kutoka ndani. Sauti ikija nyepesi, pumzi ipo. Ikija imebanwa, namfungua. Nilichagua shikamoo kwa sababu ni neno ambalo mtoto aliyelelewa halifikirii. Linatoka lenyewe.

Siku ya kwanza nilimgonga Chuma. Huyu alikuwa Mnyamwezi wa Tabora, mnyanyua vyuma, kifua kama kabati. Sisi Wazaramo na wao ni watani, kwa hiyo hakuna aliyekuwa akimheshimu mwenzake. Nikamgonga, akanguruma kama zimwi. Nikamgonga tena, akanguruma tena. Nikaanza kumfungua zipu.

"Shikamoo Bibi," akasema upesi.

"Marahaba. Nenda ukafe."

Wenzake wakacheka, na ikawa ndiyo desturi yetu. Kila asubuhi mazimwi ishirini wanapanga foleni, nagonga, shikamoo Bibi, marahaba, nenda ukafe. Maana kazi yao ilikuwa kufa. Wazuri wa hadithi walikuwa watano, wana farasi wawili wa kukodi na nywele zilizochanwa, na walikuwa hawafi.

Kati ya wale ishirini alikuwemo msichana mmoja, Somoe. Watu wake wa Mtwara, mwenyewe akikaa Ilala. Mrefu, mabega mapana, ndani ya ngozi humtofautishi na Chuma. Alinifuata siku ya kupimwa, akangoja wenzake waondoke, akanionyesha pampu ya pumu kwenye mkoba wake.

"Bibi, usimwambie Dairekta."

Nikamuuliza kwa nini nisimwambie. Akasema atamtoa. Na alikuwa ameahidiwa kwamba sehemu zinazofuata zimwi mmoja atapewa maneno ya kusema, zimwi anayemgeuka Bwana Kiza na kukataa kuchoma kijiji, na huyo atakuwa yeye. Alikuwa ameyakariri tayari. Akanisemea pale pale, amesimama na shimizi katikati ya vipande vya sponji, nami ninayeshuku kila mtu nikaamini kwamba huyu kweli ni zimwi na kweli amechoka kuchoma vijiji.

Basi nikamtengenezea ngozi yake. Namba saba, maana kila ngozi ilikuwa na msumari wake ukutani wenye namba. Chini ya taya na kwapani niliweka wavu wa chandarua niliouchovya rangi nyeusi, mikunjo ikaufunika, kamera haioni kitu. Ukivaa unapata upepo. Nyuma ya shingo nikaacha kipande cha uzi wa kijani chenye urefu wa ukucha, ili mimi niijue kwa mbali. Somoe nilimwambia avae namba saba tu. Wengine sikuwaambia neno. Dairekta ningemwambia vipi, nami nilikuwa simwamini? Vijana nao wana midomo. Nilijiona mjanja sana.

Tulipigia picha kwenye godauni kuukuu Gerezani, kuta zimepakwa masizi, ndiyo pango la Bwana Kiza. Paa bati tupu. Kufika saa sita mchana mle ndani unaiva.

Jioni moja wakati tunatundika ngozi, nikamwona Chuma anazungukazunguka kwenye misumari. Ananyanyua hii, anarudisha, anaingiza mkono kwenye ile. Nikamuuliza anatafuta nini.

"Natafuta zimwi mchumba, Bibi. Nyie Wazaramo mabinti zenu mmewaficha."

Nikamwambia Mnyamwezi akiposa kwetu atapewa mbuzi amchunge kwanza tuone kama atamrudisha. Akacheka, akaondoka. Lakini sikutulia. Nilijua kabisa kuna kitu. Nikafikiri anachukua zipu, au ananichokolea sindano. Nikahesabu sindano, kumi na mbili. Nikahesabu ngozi, ishirini. Nikakagua zipu moja moja. Kila kitu kipo. Nikafunga mlango nikaenda zangu nyumbani, nimeridhika kwamba leo mwizi kanikuta macho.

Hakuwa anaiba kitu. Alikuwa ameitundika namba saba, mkono wake ukapita kwapani, akaona mwanga. Akajua hii ina upepo. Mngekuwa nyinyi mngefanya nini, mmeshinda mnaiva ndani ya sponji, halafu mmeona moja ina dirisha? Hakujua ni ya nani wala kwa nini. Nani alimwambia?

Kesho yake ilikuwa vita kubwa, jeshi lote linaanguka. Asubuhi joho la Bwana Kiza lilichanika vibaya kwenye ngazi, na dairekta akaniomba nilishone haraka wakati vijana wake wanawavisha mazimwi. Nikamwambia sharti langu analijua. Akasema leo tu, Bibi, jua linapanda, wataiva wote. Kweli jua lilikuwa linapanda. Nikaketi kwenye kona na lile joho jeusi limenifunika magoti, nikashona. Nilisikia zipu zinafungwa. Sikusikia shikamoo hata moja, na sindano ilinichoma mara mbili.

Somoe alichelewa. Alipofika, kwenye misumari ilibaki ngozi moja, namba kumi na mbili, ya Chuma. Angesema hii si yangu, wangemuuliza tofauti ni nini, zote si sawa? Akaivaa. Mkoba wake wenye pampu akautundika pale pale kwenye msumari.

Ile vita waliirudia mara tano. Wakaleta na mashine ya moshi. Mara ya sita dairekta akasema kwa sauti ya kuchoka kwamba safari hii akianguka mtu, ameanguka, atakayetikisa hata kidole tunaanza upya. Wakapigana, wakaanguka wote ishirini, moshi ukawapita juu, kamera ikaanza kutembea taratibu kwenye maiti. Pakawa kimya. Pazuri kwa kutazama, sikatai.

Mimi nimesimama pembeni na futi yangu. Zimwi mmoja ameanguka karibu nami kifudifudi. Nyuma ya shingo, uzi wa kijani. Nikasema moyoni, mwanangu yuko salama. Halafu nikatazama miguu. Mguu wa kushoto umegeukia nje kama bata. Huo mguu naujua, nimeukatia kiatu mimi mwenyewe. Wa Chuma.

Sasa kama Chuma yumo kwenye saba, Somoe yuko wapi?

Nikatazama. Kumi na tisa wengine, kijivu, midomo imefungwa, wamelala kwenye moshi. Hakuna anayetikisika kwa sababu wote ni watoto wasikivu na wameambiwa wasitikisike. Nani ni nani? Nilikuwa nimeifanya kazi yangu vizuri mno.

Nikaingia. Nilipita mbele ya kamera na kanga yangu na ndala zangu, katikati ya uwanja wa vita wa Bwana Kiza.

"Bibi," dairekta akasema, "unaharibu."

Nikamwinamia zimwi wa kwanza, nikamgonga paji mara mbili kwa futi.

"Shikamoo Bibi," maiti akasema.

"Marahaba."

Wa pili. Shikamoo Bibi. Marahaba. Wa tatu aliitikia kwa kunong'ona, akidhani ndio tunanusuru picha. Wa nne alikuwa na kwikwi ya kicheko. Dairekta akauliza watu wake huyu mama ana nini. Bwana Kiza mwenyewe, kijana wa watu, pembe mbili kichwani, amesimama juu ya jiwe la maboksi, aliponiona natembea na kugonga maiti alichanganyikiwa akaniamkia na yeye kutoka kule juu. Nikamwitikia huku napita. Wa tano, wa sita, wa saba. Kila shikamoo ilinipunguzia mahali pa kumtafuta na kuniongezea hofu. Sikukimbia. Ukikimbia unaruka mtu.

Wa kumi na moja nilimgonga, sikusikia kitu. Nikagonga tena. Nikaweka sikio kwenye ule mdomo nilioufunga kwa mikono yangu. Ndani mlikuwa na sauti nyembamba, kama filimbi iliyoziba.

Zipu ilikuwa mgongoni, naye kalala chali, na sponji ya mgongoni ilikuwa imelowa, nzito kama maiti kweli. Kumgeuza peke yangu sikuweza. Sikungoja wa kunisaidia. Mkasi haukosi kiunoni kwangu. Nikanyanyua mkono wake wa kulia nikaingia kwapani, pale ambapo nilishona mshono mmoja tu nikajua siku nitakayotaka kufungua, hapa patafunguka. Nikapandisha mkasi mpaka bega, kutoka bega mpaka taya. Shingoni nilikuwa nimeweka tabaka mbili na uzi wa kurudia, kazi nzuri kuliko zote nilizowahi kushona, na mkasi ukagoma. Nikaitukana kazi yangu. Nikaikata kama nakata mwiba wa samaki, kidogo kidogo, mpaka kichwa kikachomoka.

Midomo yake ilikuwa ya kijivu kuliko rangi niliyopaka.

"Mkoba," nikasema. "Msumari wa kumi na mbili. Pampu."

Hakuna aliyeelewa isipokuwa mmoja. Namba saba aliinuka kutoka wafu akakimbia. Sijawahi kuona zimwi anakimbia vile, mguu mmoja umegeukia nje, akarudi na mkoba mwekundu wa kike kwenye makucha, akapiga magoti, akashindwa kufungua kwa sababu ya kucha nilizomshonea. Nikaufungua mimi.

Tulimpakia kwenye bajaji kwenda hospitali Upanga. Mimi nimemkumbatia, na Chuma akajipachika mbele ubavuni mwa dereva, kichwa amekitoa lakini mwili mzima bado zimwi, zipu imekwama. Tulipita Mnazi Mmoja watu wakisimama kutupiga picha. Chuma alikuwa analia, hajui la kufanya na mikono yake.

"Sikujua, Bibi. Nilidhani imekosewa tu. Sikujua."

"Najua hukujua," nikamwambia. "Mimi ndiye nilijua."

Somoe alikuwa amefumba macho. Nilikuwa naangalia kifua chake na ile kanga kuukuu iliyomgandia, inapanda kidogo, inashuka, inangoja, inapanda. Karibu na geti la hospitali akafumbua jicho. Akaniona. Mtoto wa watu, pumzi zenyewe hana, akazitumia hizo hizo.

"Shikamoo Bibi."

Ilikuwa imechelewa, nadhani alisikia nilipomgonga akashindwa kuitoa, akaishikilia njia nzima. Na mimi mdomo wangu ulikuwa umezoea yale maneno yanayofuata. Yakanijia mpaka kwenye ulimi. Nikayameza. Hata marahaba yenyewe haikutoka, nilimbana mkono tu.

Alipona. Alilala siku tatu, akatoka. Dairekta alikuja kumwangalia, miwani ameivua, tukakaa naye kwenye benchi la nje. Akaniuliza kwa nini sikumwambia.

"Ungemtoa," nikasema.

"Ningemtoa," akasema.

Hapo ndipo nilipoanza kumwamini kidogo, kwa sababu angeweza kukataa. Lakini nilimweleza na langu. Nilishuku gundi, nikashuku uzi, nikamshuku yeye, nikamshuku Chuma, nikaficha dirisha la pumzi kama mtu anayeficha dhahabu, na kwa kulificha nikalifanya liibike. Ningemwambia Chuma neno moja tu, hii ni ya mgonjwa, angeilinda ile ngozi kuliko mimi. Ni Mnyamwezi, lakini si mtu mbaya.

Wiki ile nilifungua midomo yote ishirini. Nikaweka wavu. Dairekta alitazama kwenye kamera, akasema wavu unaonekana. Nikamwambia basi watu wataona kwamba askari wa Bwana Kiza wanapumua. Hakubisha. Na majina nikayaandika kwa uzi mweupe kifuani, upande wa ndani, kwa mwandiko wangu huu mbaya. Mwenye ugonjwa niliandika na ugonjwa. Somoe alirudi, akasema maneno yake ya kukataa kuchoma kijiji, mdomo wazi, na nyuma ya wavu mkitazama vizuri mtaona meno yake ya kweli.

Sasa mnaniambia siku hizi mazimwi wanatengenezwa kwenye kompyuta, jeshi zima, ndani hamna mtu. Mnaniambia ni salama zaidi. Inawezekana. Mimi nimeyaangalia hayo ya kompyuta na nayatilia mashaka. Yanaanguka vizuri mno. Na nyinyi wenyewe mmesema bado kuna wanaovaa, harusini, matangazoni, kwenye mipira, kijana yuko ndani ya simba wa sponji juani tangu asubuhi na watu wanapiga naye picha. Huyo nani anamgonga paji?

Ile nenda ukafe sikuisema tena. Nikigonga, nikaamkiwa, naitikia marahaba, basi.

Na mkipita hapa mtaani na vitu vyenu masikioni, mkanipita kimya, watu husema huyu bibi mkali, anataka kuamkiwa kwa nguvu. Waache waseme. Mimi nikikosa shikamoo yako siangalii uso wako kama una adabu. Naangalia kifua, naona kama kinapanda.